Siwa ya Pate na Ndovu wa Bara

Jina la Lamu likitajwa, watu wengi hukumbuka milango ya nakshi, vichochoro vyembamba, punda wabebao mizigo, na majahazi yaliyotia nanga mbele ya mji. Ni wachache wanaomkumbuka ndovu. Wala si ajabu, kwa kuwa ndovu haishi katika vichochoro vya mji wala hana nafasi katika mashua. Hata hivyo, historia ya visiwa hivi haiwezi kuelezwa vyema bila ya mnyama huyu. Katika insha hii nitakuongoza, msomaji, katika safari ya siku moja. Asubuhi tutakuwa mjini Lamu, mchana tutakuwa baharini kuelekea Pate, na jioni tutatazama bara, mahali ambapo nchi imetengwa iwe hifadhi ya ndovu. Watu wengi husafiri ili wamwone ndovu aliye hai, na hilo ni jambo jema. Lakini msafiri mwenye busara hutaka kujua pia jinsi ndovu walivyotoka katika nchi hii wakiwa pembe tu, ni nani aliyepata faida, na ni nani aliyelipa gharama.

Tuanze katika Makumbusho ya Lamu, yaliyofunguliwa mwaka 1971 katika jumba lililokabili bahari. Humo zimehifadhiwa siwa mbili. Siwa ni baragumu kubwa, na mpigaji wake huipuliza kwa tundu iliyo ubavuni, si mwishoni kama tarumbeta. Siwa moja ni ya shaba, nayo ni ya mji wa Lamu. Ya pili ni ya pembe za ndovu, nayo ilitoka Pate. Urefu wake umepita mita 2, na mwili wake umechorwa nakshi kwa mkono wenye subira kubwa. Wataalamu hukadiria kuwa ilifanywa mwishoni mwa karne ya 17. Simama mbele yake kwa muda. Utaona kwamba fundi hakuwa na haraka, wala hakuwa mwanafunzi.

Habari za Pate, ambazo wazee walizihifadhi kwa kusimulia kabla hazijaandikwa, zina kisa cha siwa hii. Husimuliwa kwamba bibi mmoja wa ukoo wa kifalme, Mwana Darini, alitaka kumfanyia mwanawe sherehe ya kutahiriwa. Katika siku zile sherehe ya watu wakubwa haikutimia heshima yake bila ya siwa kulia. Mwana Darini alipoona kwamba siwa ya mji hataipata, hakuketi akalia. Alimwita fundi hodari, Mwenyi Bayayi, akamtolea pembe za ndovu, naye akamchongea siwa mpya. Sherehe ikafanyika, na bibi yule akashinda bila ya kushika upanga.

Kisa hiki kina mafunzo mawili. La kwanza ni kwamba siwa haikuwa chombo cha ngoma tu. Ilikuwa alama ya enzi, na aliyenyimwa siwa alikuwa amenyimwa daraja yake mbele ya watu. La pili aghalabu husahauliwa. Bibi yule alikuwa na pembe nyumbani mwake. Hakupeleka watu porini wakawinde. Alizitoa tu, kama mtu atoavyo fedha sandukuni. Basi tuulize: pembe zile zilifikaje Pate, kisiwa kisicho na ndovu? Jawabu la swali hili halipatikani ndani ya makumbusho. Inatupasa tupande mashua.

Njia ya kwenda Pate hupita katika mlango wa Mkanda, maji membamba yaliyo kati ya kisiwa cha Manda na bara. Tangu zamani manahodha waliupita mlango huu kwa kutazama maji, kwa kuwa yakitoka mashua hukwama. Kulia kwako una Manda, na kushoto una bara. Pande zote mbili mikoko imesimama ndani ya maji. Mahali hapa utafahamu kwa macho jambo ambalo kitabu hulieleza kwa maneno mengi: visiwa na bara vimekaribiana sana, na watu wa visiwani hawakuishi kwa bahari peke yake. Mgongo wao uliegemea bara.

Katika kisiwa cha Pate yapo magofu ya Shanga, mji ulioanza katika karne ya 8 na ukahamwa mwanzoni mwa karne ya 15. Wachimbuzi wa mambo ya kale waliofanya kazi hapo tangu mwaka 1980 walifukua misikiti iliyojengwa mmoja juu ya mwingine, pamoja na vigae vya vyombo vilivyotoka Ghuba ya Uajemi na China. Vyombo hivyo havikuja bure. Majahazi yaliyoletwa na pepo za kaskazi yalingoja kusi ili yarudi kwao, na hayakurudi matupu. Kitabu kimoja cha mabaharia, kilichoandikwa kwa Kiyunani katika karne ya kwanza baada ya Kristo, kinataja pembe za ndovu miongoni mwa bidhaa zilizotoka katika pwani hii ya Afrika. Naye Al-Masudi, msafiri wa Baghdad aliyefika pwani ya Zanj mara ya mwisho mwaka 916, aliandika kwamba pembe zilipelekwa Omani, na kutoka huko zikapelekwa Bara Hindi na China. Wahindi walizifanya vipini vya majambia na panga, na vipande vya mchezo wa sataranji. Lau si biashara hiyo, alisema, pembe zingalikuwa tele katika nchi za Waislamu.

Sasa geuza uso uitazame bara. Nyuma ya mikoko huanza msitu na nyika ya Waaweer, ambao majirani zao huwaita Waboni. Watu hawa waliishi kwa kuwinda, kwa kutafuta asali, na kwa matunda na mizizi ya msituni. Walizijua nyayo za wanyama kama wewe uzijuavyo herufi za alfabeti, na kwa mishale ya sumu waliweza kumwangusha hata ndovu. Nyama ilikuwa chakula chao. Pembe zilishuka pwani zikabadilishwa kwa nguo, nafaka na vitu vingine vya mjini. Habari za kale zimetuhifadhia jina la bibi aliyetoa pembe na jina la fundi aliyezichonga. Jina la mwindaji hazikulihifadhi. Jambo hili likumbuke kila usomapo historia: mara nyingi aliye karibu na kalamu hutajwa, na aliye karibu na kazi husahauliwa.

Kwa karne nyingi biashara hii ilikwenda kwa kiasi ambacho msitu uliweza kukistahimili. Karne ya 19 ilibadili mambo. Baada ya vita vya Shela, vilivyopiganwa karibu na mwaka 1812, ambavyo watu wa Lamu waliwashinda watu wa Pate na Mombasa, Lamu iliomba himaya ya Sayyid Said wa Omani. Ngome unayoiona hadi leo katikati ya mji ilimalizika mwaka 1821. Sayyid Said alipofanya Unguja kuwa makao yake, soko la pembe la pwani yote lilikusanyika huko. Pembe zilipimwa kwa frasila, ambayo ni ratili 35 hivi. Na hata pembe ndogo ilikuwa na jina lake, kalasha. Wanunuzi hawakuwa Wahindi na Waarabu tu. Wafanyabiashara wa Marekani na Ulaya walitaka pembe kwa ajili ya vitana, mipira ya mchezo wa biliadi, na vibonye vya piano. Katika jimbo la Connecticut, Marekani, kuna mji uliopewa jina la Ivoryton kwa sababu ya kazi ya pembe iliyofanywa huko. Mtoto aliyejifunza muziki huko mbali aliweka vidole vyake juu ya ndovu wa Afrika, wala hakujua.

Hapa fikiri, msomaji. Siwa ya Mwana Darini ilitaka pembe chache, nayo imedumu zaidi ya miaka 300. Viwanda vilitaka pembe kila siku, na leo vitu vyake vingi vimekwisha kutupwa. Ufundi haukuwamaliza ndovu; tamaa isiyo na kiasi ndiyo iliyowamaliza.

Mwanzoni mwa karne ya 20, Mwingereza mmoja aliyeitwa Stigand aliandika habari za Pate kama alivyosimuliwa na mzee wa Lamu, Bwana Kitini, akazitoa katika kitabu mwaka 1913. Mwaka huo huo alitoa kitabu kingine, nacho kilihusu uwindaji wa ndovu. Mtu mmoja, kwa mkono mmoja, aliokoa kumbukumbu za mji na akatumia bunduki juu ya mnyama aliyeutajirisha mji huo. Hatuna haja ya kumtukana wala kumtukuza. Yatosha kujua kwamba wengi wa zama zake hawakudhani kwamba ndovu wangeweza kwisha.

Lakini walikaribia kwisha. Mwaka 1973 Kenya ilikadiriwa kuwa na ndovu wapatao 167,000. Kufikia mwaka 1989 walikuwa wamebaki chini ya 20,000. Serikali ilipiga marufuku uwindaji mwaka 1977, na mwaka uliofuata ikapiga marufuku biashara ya nyara za wanyama. Lakini majangili wenye bunduki za kivita hawakusoma matangazo ya serikali. Tarehe 18 Julai 1989, Rais Daniel arap Moi alitia moto tani 12 za pembe mjini Nairobi, na mwezi Oktoba mwaka huo mataifa yakakubaliana kuzuia biashara ya pembe duniani. Tarehe 30 Aprili 2016 Kenya iliteketeza tena tani 105. Hesabu ya wanyama iliyofanywa mwaka 2021 ilipata ndovu 36,280 katika nchi nzima. Idadi hiyo yatia moyo, ijapokuwa bado ni ndogo ukiilinganisha na ile ya mwaka 1973.

Katika bara inayokabili visiwa hivi, hifadhi mbili zilitangazwa mwaka 1976: Dodori, iliyo upande wa Lamu, na Boni, iliyo upande wa Garissa, yenye kilomita za mraba 1,339. Nia mojawapo ilikuwa kuwapa ndovu wa pwani mahali pa kukimbilia wakati wa kiangazi. Nia hiyo ilikuwa njema, lakini usidhani kwamba haikumgharimu mtu. Wakati wa vita vya shifta, kati ya mwaka 1963 na 1967, Waaweer walikuwa wamekwisha kuhamishwa kutoka msituni wakakusanywa katika vijiji vya kando ya barabara. Marufuku ya mwaka 1977 ikafanya kazi ya baba zao kuwa kosa la jinai. Ndovu hawakukaribia kwisha kwa upinde wa Mboni. Hata hivyo, Mboni ndiye aliyenyang'anywa upinde. Tangu mwaka 2015, askari walipoingia msitu wa Boni kupambana na magaidi, njia za kuingia msituni zimekuwa ngumu kwa wageni na kwa wenyeji pia. Ndiyo sababu safari yetu ya leo inasimama ukingoni, ikatazama kwa mbali.

Je, yawezekana kumlinda ndovu bila ya kumdhulumu jirani yake? Ili tupate jawabu, tuache Lamu kidogo tuende kusini katika pwani hiyo hiyo. Mtu aliyeko Mombasa aweza kwenda na kiongozi na kurudi siku moja hadi Mwaluganje, karibu na milima ya Shimba katika Kwale. Huko wakulima wa Kidigo na Kiduruma walikuwa wakiteswa na ndovu waliokula mahindi yao. Mwaka 1995 walifungua hifadhi yao wenyewe, wakiunganisha mashamba yao ili ndovu wapite, nao wakagawana mapato ya wageni. Hata mavi ya ndovu hufanywa karatasi huko. Mpango huo umekuwa na shida zake, kama jambo lolote la watu wengi; lakini msingi wake ni wa haki, kwa kuwa mwenye kupoteza shamba ndiye mwenye kupokea faida.

Lamu inahitaji hekima ya namna hiyo. Katika bara yake wapo wakulima ambao hukesha usiku wakilinda mazao, na tangu mwezi Mei mwaka 2021 gati ya kwanza ya bandari mpya imekuwa ikipokea meli. Barabara, mashamba na mapito ya ndovu vyote vinataka ardhi ile ile. Wahenga walisema kwamba wapiganapo tembo nyasi huumia. Siku hizi binadamu ndio wanaopigana, na tembo ameingia mahali pa nyasi.

Basi, kijana, ukijaliwa kufika Lamu, nenda ukaitazame siwa ya Pate. Isifu kazi ya Mwenyi Bayayi, kwa kuwa yastahili sifa. Ustaajabie werevu wa Mwana Darini. Kisha mkumbuke mwindaji asiyetajwa jina, na ndovu aliyezaa pembe ile. Ukitoka hapo, uelekeze uso wako bara, ujiulize watu wa umri wako watafanya nini ili jamaa za ndovu yule wapate pa kunywa maji wakati wa kiangazi, na jamaa za mwindaji yule wapate riziki ya halali katika nchi yao. Maswali hayo mawili hayafai kutenganishwa, na watakaoyajibu ni ninyi.