Mfongo wa Babu na Kibali cha Serikali

Kabla Wajerumani hawajafika Kilimanjaro, wazee wetu walikwisha kuyachepusha maji ya mito kwa mifongo, ile mifereji waliyoichimba kwa mikono. Mmisionari Charles New aliishuhudia alipofika Moshi mwaka 1871. Mtoni waliziba kwa mawe, matawi na udongo. Penye korongo waliyavusha maji juu ya magogo yaliyochongwa. Usiku yalijaa katika nduwa, mchana yakagawiwa kwa zamu. Mafuriko yakibomoa, ukoo wote ulitoka kazini, na asiyefika alitozwa faini. Ukali huo, nakiri, naupenda.

Mwaka 1974 sheria iliyatangaza maji yote kuwa mali ya Jamhuri. Mwenye mfongo wa babu akatakiwa kuomba kibali. Serikali haikukosa hoja, kwani huko tambarare bwawa la Nyumba ya Mungu, lililojengwa miaka ya 1960, lilingoja maji hayohayo lizalishe umeme. Hata hivyo, tope la mfereji liliendelea kuzolewa na majirani walewale. Sheria ya mwaka 2009 ikazitambua jumuiya za watumia maji, na wagawa zamu wa tangu zamani wakaelekezwa kuandika katiba na kujisajili.