Daguragu: Mchanga Kiganjani

Tarehe 23 Agosti 1966, Vincent Lingiari aliwaongoza Wagurindji wapatao 200, Waaborijini wa eneo hilo: wachunga ng'ombe, watumishi wa nyumbani na watoto wao, wakafunga virago na kuihama ranchi ya Wave Hill, kaskazini mwa Australia. Ranchi hiyo ilikuwa ya kampuni ya Vestey ya Uingereza. Ujira wao ulikuwa unga, sukari, majani ya chai, nyama, tumbaku na vijisenti. Malazi yao, vibanda vya mabati. Mwaka huohuo tume ya kazi iliamua Waaborijini walipwe sawa na Wazungu, ila kuanzia Desemba 1968.

Wengi waliuona uhamaji huo kuwa mgomo wa mishahara. Mimi nauamini mguu wao. Anayedai nyongeza hukaa langoni kwa mwajiri. Hawa, mwaka 1967, walikwenda kupiga kambi Daguragu, kando ya kijito ambacho Wazungu walikiita Wattie Creek, karibu na mahali pao patakatifu. Hapo walimwomba mwandishi Frank Hardy awachoree kibao chenye jina lao: Gurindji. Wakamwandikia Gavana Mkuu kudai maili za mraba 500. Serikali ikakataa. Wakabaki palepale.

Tarehe 16 Agosti 1975, Waziri Mkuu Gough Whitlam alichota mchanga akaumimina kiganjani mwa Lingiari, ishara ya kuwarudishia Wagurindji ardhi yao. Tendo lenyewe lilifanyika kivulini, chini ya banda. Mpiga picha Mervyn Bishop, naye Mwaborijini, akawaomba watoke juani warudie. Ndiyo picha tunayoijua: anga ya buluu, mchanga mwekundu ukidondoka, mkono mmoja wa mzee umekinga, mwingine umeshika hati.

Hati ile, ya kilomita za mraba zipatazo 3,200, ilikuwa ya kukodishwa. Wenye ardhi walipangishwa ardhi yao, na hilo sitalipamba. Hata hivyo, mwaka uliofuata Bunge lilipitisha sheria iliyowawezesha Waaborijini wa Northern Territory kudai ardhi za mababu zao. Wagurindji walipata umiliki kamili wa Daguragu mwaka 1986. Lingiari akafariki mwaka 1988.

Wave Hill yenyewe ilisubiri hadi 2020, Mahakama ya Shirikisho ilipotambua haki ya wenyeji kuwinda, kuvua na kufanya mila zao humo. Ranchi ya ng'ombe ingali pale.