Moto wa Matanga

Figa moja haliinjiki chungu. Wahenga waliotuachia methali hii walikusudia kutufunza ushirikiano, nasi huitaja harusini, mikutanoni na hata majukwaani. Aghalabu hatuitaji msibani, ilhali huko ndiko inakotimia maana yake yote.

Fikira hii ilinijia katika kata ya Mafiga, mjini Morogoro, nilikokwenda kuzika. Mahali hapo, palipo chini ya milima ya Uluguru, panaitwa kwa jina la yale mawe matatu ya jikoni. Katika nyumba ya marehemu jiko lilikuwa limelala. Uani, majirani walikwisha kupanga mawe mengine na kuteleka masufuria makubwa. Wanawake wakachochea kuni, na ulipoingia usiku wanaume wakakoka moto wa magogo, wakauzunguka hadi alfajiri. Hakuna aliyeuita moto huo ibada. Hata hivyo, mgeni asiyeijua lugha yetu angeuona na kusadiki kwamba amekuta kafara.

Desturi ya kumwinulia mfiwa mzigo wa jiko ina mizizi mirefu. Katika mwaka 629, habari za kuuawa kwa Jaafar bin Abi Talib katika vita vya Muuta zilipofika Madina, Mtume Muhammad (S.A.W.) aliamuru jamaa zake wapikiwe chakula, kwa kuwa limewafika la kuwashughulisha. Waislamu wa pwani na wa bara wameishika sunna hiyo, nayo ikakutana na mila za wenyeji waliokwisha kujua kwamba mtu mwenye msiba haachiwi akapulize makaa peke yake.

Lugha nayo imehifadhi ushahidi. Ubani ni uvumba unaofukizwa juu ya makaa ya chetezo. Ubani pia ni fedha anazopewa mfiwa mkononi. Nilipata kulifasiri neno hili kwa Kiingereza, na kila nililoandika lilipoteza nusu yake: ama nilipata moshi nikakosa mkono wa jirani, ama nilipata mkono nikakosa moshi.

Afrika Mashariki imeuombolezea mauti kwa moto kwa njia mbili: kuuzima na kuuwasha. Buganda imechagua ya kwanza. Penye lango la ikulu ya Mengo huwaka moto uitwao Ggombolola kwa muda wote wa uhai wa Kabaka, na anapofariki huzimwa. Watu hawatamki kwamba mfalme amekufa. Husema moto wa Buganda umezimika. Mutesa wa Pili alifariki uhamishoni, London, mwaka 1969, wakati ufalme wenyewe umekwisha kufutwa tangu 1967. Mwili wake ulirejeshwa na kuzikwa Kasubi mwaka 1971, lakini mwanawe, Ronald Mutebi, hakutawazwa hadi 1993. Na makaburi hayo ya Kasubi yaliteketea usiku wa tarehe 16 Machi 2010, watu wakalia kwa ajili ya moto usiokuwa wao.

Wajaluo wamechagua njia ya pili. Mzee mwenye mji akifariki, huwashwa uani kwake moto mkubwa wa magogo, magenga, na jamaa hukesha na kulala kandokando yake. Kwa Waganda kiza ndicho kinachotangaza msiba. Kwa Wajaluo ni mwanga. Mafiga niliziona njia zote mbili katika ua mmoja: jiko la ndani limezimwa, la nje limewashwa.

Lakini je, moto ukiwa ndio muuaji? Jumamosi ya tarehe 10 Agosti 2019, lori la mafuta lilipinduka Msamvu, katika mji huohuo wa Morogoro. Watu walikusanyika kuchota petroli, na moto ukalipuka. Waliofariki walizidi 100 kabla ya mwezi kwisha. Taifa likaomboleza siku tatu. Wengi wakazikwa katika makaburi ya Kola, wakiwemo walioungua hata sura zisitambulike, ikabidi zichukuliwe sampuli za vinasaba ili jamaa zao wawajue.

Usiku ule uani, mtu mmoja aliitaja Msamvu. Mazungumzo yakakatika. Kisha mzee aliyekuwa karibu na moto akasukuma gogo ndani kwa mguu, cheche zikaruka, na mtu akaomba chai. Hapo ndipo nilipofahamu. Moto wa matanga hauwashwi kwa ajili ya maiti, wala haufanani na ule ulioua ila kwa rangi. Huwashwa kwa sababu walio hai wana njaa na baridi, na kwa sababu mwenye nyumba hana nguvu ya kuinama. Mfiwa ni figa lililobaki. Majirani ndio hukamilisha matatu.

Siku hizi mijini wapishi hukodiwa na chakula huja kimeiva. Silaumu, watu wana kazi, na kuni ni ghali. Ila nachelea siku ambayo mfiwa atakula ashibe, na pasiwe na jirani hata mmoja mwenye harufu ya moshi nguoni.

Asubuhi ya kuondoa matanga jivu lilizolewa. Mawe yaliachwa palepale, bado yana joto.