Mwendo linganishi
Mwendo linganishi ni mwendo wa kitu unavyoonekana kutoka kwenye kitu kingine, ambacho huenda nacho kinasogea. Abiria aliyeketi ndani ya basi linalokwenda kilomita 80 kwa saa hasogei machoni pa jirani yake wa kiti. Kwa mtu aliyesimama kando ya barabara, anapita kwa kasi ya basi. Wote wawili wako sahihi.

Magari yakifuatana kwa kasi sawa, kasi linganishi ni sifuri. Yakielekeana, kasi zao hujumlishwa: 80 na 80 ni 160, yaani takriban mita 44 kwa sekunde. Kwa kasi hizo, dereva anayetaka kulipita lori huku gari jingine likija kutoka mita 400 ana sekunde 9 tu kabla ya kukutana nalo. Akihesabu kasi yake peke yake, atadhani anazo 18.