Kutupa na Kufuta katika Rufani za Jinai

Rufani ni neno lenye asili ya Kiarabu, katika kitenzi chenye maana ya kuinua: shauri huinuliwa kutoka mahakama ya chini hadi ya juu. Si kila rufani inayoinuliwa hufika, na namna ya kutofika kwake imeleta tatizo la lugha.

Mwaka wa 1959 Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki, katika shauri la chama cha ushirika cha Ngoni-Matengo, ilitenganisha maneno mawili ya Kiingereza yaliyokuwa yakichanganywa. Rufani halali iliyoamuliwa ikashindwa, hutupwa. Iliyoletwa kinyume cha utaratibu haikupata kuwa rufani, kwa hiyo hufutwa tu. Shauri lile lilikuwa la madai, lakini Mahakama ya Rufani ya Tanzania, iliyoanzishwa mwaka wa 1979, iliishika kanuni hiyo hata katika jinai. Aliyetupiwa rufani amefika mwisho wa njia; aliyefutiwa aweza kuomba aongezewe muda, aanze upya.

Kukosea ni rahisi. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985 ilimtaka anayekwenda Mahakama Kuu atoe taarifa ya nia ndani ya siku 10, na hati ya rufani ndani ya siku 45, pasipo kuhesabu siku za kungojea nakala ya hukumu. Mfungwa hupitisha karatasi zake kwa mkuu wa gereza, na aghlabu hana wakili. Taarifa iliyochelewa, au isiyoeleza ni hukumu gani inayopingwa, yatosha kuiangusha rufani kabla hoja hata moja haijasikilizwa. Marekebisho ya mwaka 2018 yalizitaka mahakama zitazame haki kuliko ufundi wa kisheria, lakini kasoro zinazogusa mamlaka ya mahakama hazikusamehewa.

Magazeti huandika “imetupiliwa mbali” kwa hali zote mbili. Tena Kiswahili cha kila siku hupindua maana ya sheria: kilichotupwa chaweza kuokotwa, bali kilichofutwa hakina hata alama. Mfungwa aambiwaye rufani yake imefutwa ana kila sababu ya kukata tamaa, hali mlango haujafungwa. “Kuondolewa” lingefaa zaidi, maana kilichoondolewa chaweza kurudishwa. Zamani maneno haya yalikaa ndani ya hukumu za Kiingereza, na mkalimani akayapatanisha apendavyo. Tangu sheria ya mwaka 2021 ilipokifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, hakimu mwenyewe ndiye achaguaye neno.