NICODEMUS, KANSAS: MJI ULIOKWEPWA NA RELI

Unaposimama ni ukumbi wa kata, uliojengwa mwaka 1939 kwa mawe ya chokaa ya hapa hapa. Tazama pande zote: nyanda za nyasi, upepo, miti michache tu. Kusini linapita tawi la kusini la Mto Solomon.

Mwaka 1877 Weusi zaidi ya 300 kutoka Kentucky, wengi wao waliozaliwa utumwani, walishuka garimoshi mjini Ellis, kisha wakatembea kama kilomita 55 hadi hapa. Vipeperushi vya madalali wa ardhi viliwaahidi neema. Walichokuta ni moshi ukitoka ardhini, kwa kuwa waliotangulia waliishi katika mashimo waliyochimba kwenye miteremko, mbao zikiwa adimu. Baadhi waligeuka wakarudi, na nani awalaumu? Waliobaki walivuka majira ya baridi ya kwanza kwa msaada wa wawindaji wa Osage, wenyeji asilia, waliowagawia nyama.

Kufikia miaka ya 1880 palikuwa na maduka, hoteli, makanisa, shule na magazeti. Wapiga kura wakaidhinisha dhamana za dola 16,000 ili kuivuta reli ipite hapa. Lakini mwaka 1888 reli ikajengwa ng'ambo ya mto, na wafanyabiashara wakahamia mji wa Bogue ulio kando yake, wengine wakiyaburuta majengo yao. Ukame na vumbi la miaka ya 1930 vikamaliza kazi. Tangu 1996 eneo hili ni hifadhi ya taifa ya kihistoria. Mwishoni mwa Julai, wazao wa waanzilishi hurudi kusherehekea ukombozi kutoka utumwani.