Makao ya Wakuu wa Buganda: Ua wa Matete na Hati ya Mailo

Aghalabu mwanafunzi aulizwapo habari za mabwana wakubwa na majumba yao ya fahari, mawazo yake huruka mara moja hadi Ulaya, kwenye ngome za mawe na kumbi zilizopambwa kwa picha za mababu. Walakini sisi tuishio Kampala tumezungukwa na vilima vilivyobeba makao ya wakuu. Mengo, Rubaga, Kasubi na Banda si majina ya mitaa tu. Ni vituo vya enzi. Katika makala haya twakusudia kuchunguza jambo moja: nyumba ya mkuu wa Buganda ilisimama juu ya nini? Jibu letu ni kwamba kabla ya mwaka 1900 ilisimama juu ya utumishi, na baada ya mwaka huo ikasimama juu ya hati ya ardhi. Mabadiliko hayo yangali yanagusa maisha ya watu hadi leo.

Na tuanze na maneno, kwa kuwa ndiyo kazi yetu. Mwanafunzi wa Kiswahili ajua kuwa mbuga ni uwanda mpana wa nyasi. Mganda asemapo embuga ana maana nyingine kabisa: ni makao ya mkuu, mahali anapoketi kuamua mashauri na kupokea watu. Kibuga ni mji mkuu wa Kabaka, na Lubiri ni makao ya Kabaka pamoja na ua wake. Katika maneno hayo nyumba haikutengwa na kazi. Pale alipolala mkuu ndipo palipotolewa hukumu, palipopokewa kodi, na palipokusanyika watu wa vita.

Katika karne ya 19 nchi ya Buganda iligawanywa katika masaza. Kila saza lilikuwa na mkuu wake, naye aliitwa kwa jina la cheo, si kwa jina lake mwenyewe. Mkuu wa Kyaggwe alikuwa Ssekiboobo, wa Ssingo Mukwenda, wa Buddu Pookino, wa Kyaddondo Kaggo. Watu walikuja wakaondoka, jina likabaki. Wakuu hao, walioitwa bakungu, waliteuliwa na Kabaka, naye aliweza kuwaondoa apendapo. Hapo ndipo walipotofautiana na bataka, yaani wakuu wa koo, ambao haki yao ilitoka kwenye makaburi ya wazee wao. Mkungu alipaswa kuwa na makao mawili, moja sazani na jingine kibugani, upande ule wa mji uelekeao saza lake. Kabaka alitaka wakubwa wake wakae karibu na jicho lake.

Wageni waliofika huko waliistaajabia hali hiyo. Wafanyabiashara wa pwani, walioanza kufika katika enzi ya Kabaka Suna II, waliingiza Kiswahili barazani, hata Mutesa I mwenyewe akakifahamu. Speke alifika Banda mwaka 1862, na Stanley akafika Rubaga mwaka 1875. Wote wawili waliandika habari za barabara pana na nyua za matete zilizosukwa kwa ustadi mkubwa.

Mfano ulio bora wa ujenzi huo ni Muzibu Azaala Mpanga, nyumba kuu ya Kasubi. Mutesa I aliijenga mwaka 1882 iwe jumba lake, na alipofariki mwaka 1884 ikawa kaburi lake. Upana wake kwa nje ni mita 31. Paa lake la nyasi hushuka hadi karibu na ardhi, na kwa ndani mna pete 52 zinazowakilisha koo za Buganda. Kuezeka ni kazi ya ukoo wa Ngeye, na kupamba nguzo ni kazi ya ukoo wa Ngo. Nyumba ya namna hiyo haikununuliwa kwa fedha. Ilijengwa kwa wajibu, na kila fungu la watu lililoshika kipande chake cha kazi lilikuwa linakiri kwamba ni sehemu ya Buganda.

Lakini nyumba ya matete haidumu pasipo watu. Nyasi huoza, mchwa hula nguzo, na isipotengenezwa kila mara huanguka. Ndivyo kilivyokuwa na cheo chenyewe. Mkungu aliyevuliwa madaraka aliondoka embugani, na mwenye kushika cheo baada yake akaingia humo akayakuta mashamba ya migomba yakimngoja. Wahenga walisema, aliye juu mngoje chini. Katika Buganda ya kale ngojo hilo halikuwa refu. Tusidhani, hata hivyo, kwamba utaratibu huo ulikuwa wa upole. Mukopi, yaani mkulima wa kawaida, alitoa kodi, pombe na nguvu za mikono yake, na amri ya Kabaka iliweza kumwondolea mtu uhai. Walakini alikuwa na silaha moja: aliweza kumhama mkuu mbaya akajenga kwa mwingine. Na mkuu asiye na watu hakuwa mkuu.

Vita vya dini vya miaka ya 1888 hadi 1892 viliiharibu mizani hiyo. Vyeo viligawanywa kwa kufuata vyama vya Waprotestanti, Wakatoliki na Waislamu. Mwaka 1897 Mwanga II aliondolewa katika kiti, na mwanawe Daudi Chwa akatawazwa angali mtoto mchanga. Ndipo wasimamizi wake watatu, Apolo Kagwa, Stanislaus Mugwanya na Zakaria Kisingiri, walipofanya mkataba na Sir Harry Johnston, mjumbe wa Uingereza, tarehe 10 Machi 1900.

Tuzitazame hesabu zake. Nchi nzima ilikadiriwa kuwa maili za mraba 19,600. Kabaka alitengewa 350. Kila mmoja wa wasimamizi watatu alipewa maili 16 ziwe mali yake mwenyewe, na nyingine 16 ziwe za cheo chake. Wakuu wa masaza 20 walipata kila mmoja maili 8 za binafsi na 8 za cheo. Maili 8,000 zikawekwa kwa ajili ya wakuu na wenye ardhi 1,000, na maili 9,000 zilizoitwa pori zikachukuliwa na Serikali ya Kiingereza. Kutokana na kipimo hicho cha maili likazaliwa neno mailo. Na mkulima je? Katika mgawo huo hakupewa fungu lolote. Alikumbukwa katika sehemu ya kodi: rupia 3 kila mwaka kwa kila kibanda.

Hivyo wale waliokutwa na vyeo katika mwaka huo mmoja waligeuzwa kuwa wenye nchi milele. Mwaka 1902 Kagwa alisafiri hadi Uingereza kuhudhuria sherehe za kutawazwa kwa Mfalme Edward VII, pamoja na katibu wake Ham Mukasa, aliyeandika kitabu juu ya safari hiyo. Mukasa baadaye alikuwa Ssekiboobo tangu mwaka 1905 hadi 1935. Nyumba za matofali zilizidi kusimama Mengo na masazani. Hazikuoza kama za matete, wala mwenyewe hakulazimika kuziacha alipovuliwa cheo. Mkuu sasa aliweza kukosa watu na bado akawa mkubwa.

Malalamiko hayakukawia. Katika miaka ya 1920 bataka walijikusanya kudai ardhi za makaburi ya koo zao zilizotiwa katika mailo za watu wengine. Kagwa aliacha ukatikkiro mwaka 1926, nao bataka hawakurudishiwa ardhi. Kwa upande wa wapangaji, sheria ya mwaka 1927 iliweka mpaka juu ya busuulu, yaani kodi ya ardhi, na juu ya envujjo, yaani sehemu ya mazao apewayo mwenye mailo. Tena ilimkinga mpangaji asifukuzwe ovyo.

Tukitazama mbali kidogo tutaona kuwa mambo haya si ya Buganda pekee. Huko Wales, desturi ya kale iligawa ardhi ya baba kwa wanawe wote, hata mashamba yakawa vipande vipande. Sheria za Mfalme Henry VIII za miaka ya 1536 na 1543 zilipoiunganisha nchi hiyo na Uingereza, urithi ukawa wa mwana wa kwanza wa kiume, na koo kama za Herbert na Wynn zikaweza kulimbikiza ardhi na kujenga majumba makubwa. Buganda ilifuata njia ya kinyume: mailo zilirithiwa na wengi, nyingine zikauzwa vipande, na wenye mailo wakaongezeka huku mashamba yakipungua. Twajifunza hapa kwamba jumba kubwa hujengwa kwanza na sheria ya urithi, kisha na fundi.

Mwaka 1966 jeshi lililishambulia Lubiri la Mengo, Mutesa II akakimbilia Uingereza, na mwaka uliofuata falme zikafutwa. Lubiri likawa kambi, na Bulange, jengo la baraza la Buganda, likawa makao makuu ya jeshi. Amri ya mwaka 1975 iliifanya ardhi yote kuwa ya umma, na ile sheria ya mwaka 1927 ikafutwa. Ufalme ulirudi mwaka 1993, mailo ikathibitishwa na Katiba ya mwaka 1995, na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1998 ikatambua haki za wapangaji. Hata hivyo, mashauri kati ya mwenye hati na mwenye jembe hayajaisha.

Usiku wa tarehe 16 Machi 2010 nyumba ya Kasubi iliteketea kwa moto. Ilijengwa upya, kwa sababu bado walikuwako watu wajuao kuchagua nyasi, kufunga pete na kuezeka. Mwaka 2023 UNESCO iliiondoa katika orodha ya urithi ulio hatarini. Hapana hati iliyoiinua tena nyumba hiyo; iliinuliwa na mikono ya wenye wajibu. Basi, walimu wenzetu, tunapowapeleka wanafunzi Mengo au Kasubi, tusiwaambie tu ni nani aliyelala humo. Tuwaulize pia ni nani aliyekata matete, na yule aliyeyakata alikuwa akiishi juu ya ardhi ya nani.